Saa za Picha, Saa za Mvua

Milima ya Gusii, magharibi mwa Kenya, haisubiri harusi. Asubuhi huwa kweupe. Alasiri mawingu ya upande wa Ziwa Victoria hupanda na kumwaga mvua. Ndiyo maana wapiga picha wa Kisii na Nyamira wanastahili pongezi hata kabla ya kugusa kamera: wanajua kuipanga siku.

Mpango huanza na kuchagua siku yenyewe. Kwa Waadventista Wasabato, waliotia mizizi Nyanchwa, Kisii, tangu miaka ya 1910, Jumamosi ni ya ibada. Harusi zao husubiri siku nyingine, mara nyingi Jumapili.

Mpiga picha hodari hufika kwa bi harusi saa 1 asubuhi, gauni likiwa bado limetundikwa. Baada ya ndoa kufungwa, picha za ukoo hupigwa papo hapo nje ya kanisa, wazee kwanza, wasichoke kusimama. Orodha ya watakaopigwa hushikwa na shangazi anayemjua kila mtu. Shangazi huyo ana thamani kuliko lenzi yoyote.

Kisha ni mashamba ya chai ya Kebirigo au ukingo wa Manga, kabla ya saa 8. Mvua ikiwahi, baraza ya kanisa hutosha. Ikikatika jioni, majani ya chai yaliyolowa hung'aa nyuma ya maharusi hadi jua lizame, karibu saa 12 na nusu.