Visa Viwili vya Mtoto na Pomboo

Warumi wawili wa zamani waliandika habari za mtoto aliyefanya urafiki na pomboo, mnyama wa bahari avutaye pumzi kama sisi na kunyonyesha watoto wake. Wote wawili waliitwa Plinius, mjomba na mpwa wake. Yafaa sisi wa milimani tuvipime visa vyao, maana twawasimulia watoto wetu mengi ya namna hii.

Mjomba, aliyekufa mwaka 79 baada ya Kristo, aeleza habari za mtoto wa maskini aliyekwenda shule kutoka Baiae hata Puteoli, katika nchi ya Italia. Alimwita pomboo, akamlisha vipande vya mkate. Hata wakazoeana, pomboo akawa akimchukua mgongoni kwenda shule na kurudi. Mtoto akafa kwa ugonjwa. Pomboo akazidi kuja mahali pale pale, mwisho naye akafa, na mwandishi asema ni kwa huzuni.

Mpwa aandika juu ya Hippo katika Afrika, mji ambao leo ni Bizerte, nchi ya Tunisia. Watoto walishindana kuogelea. Mmoja alipofika mbali kuliko wenzake, pomboo alimjia, akambeba, akamrudisha pwani. Siku zilizofuata watu wakajaa kutazama. Wakuu wa serikali nao wakaja, gharama za kuwapokea zikaulemea mji, na utulivu wake ukapotea. Ndipo pomboo akauawa kwa siri.

Kisa cha kwanza kina uzuri wake: urafiki wajengwa kwa kipande cha mkate, siku baada ya siku. Lakini mwishoni mwandishi ajidai kuujua moyo wa mnyama, nasi twalia tu. Mpwa ashuhudia matendo ya watu, ambayo twaweza kuyapima. Hapana aliyemchukia pomboo yule. Waliompenda ndio waliomletea kifo. Kwa hiyo namhesabu mpwa kuwa mwandishi bora.

Tena kisa chake hakijazeeka. Kule Kizimkazi, Unguja, hata miaka ya 1990 wavuvi waliwaua pomboo ili nyama yao iwe chambo cha papa. Wageni walipoanza kuja kuwatazama, uwindaji ule ulikoma, nalo ni jambo jema. Lakini wataalamu wameona ya kuwa mashua zikiwazunguka, pomboo hupumzika kidogo kuliko desturi yao. Basi, mwalimu amsomeaye mtoto kisa cha Hippo asiuache mwisho wake kwa kumhurumia msikilizaji.