Umecheza ICO Ipi?

Mhakiki wa riwaya, kabla hajasema neno juu ya fani na maudhui, huuliza kwanza: hii ni chapa ipi? Ya mwaka gani, nani kaihariri, kurasa zimetimia? Wengine huliona swali la kizee, lakini ndilo linalomwokoa asije akamlaumu mtunzi kwa kosa la mpiga chapa. Watu wa tenzi wanalijua vizuri. Al-Inkishafi ya Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir wa Pate imetufikia kupitia mikono ya wanakili, na miswada yake haifanani. Ubeti huu hapa upo, kule haupo, pale umehamishwa. Hakuna mwanafunzi wa fasihi anayeshtuka kusikia hivyo.

Sasa mbona tukihamia kwenye gemu swali hilo linapotea? Washikaji wanakaa barazani wanabishana mpaka mishipa ya shingo inawatoka, huyu anasema gemu fulani ni kali, yule anasema takataka, kumbe kila mmoja kacheza kitu kingine. Jina ni moja, kazi ni mbili. Na sisi tunaojiita waandishi chipukizi, tunaodai kwamba hata gemu ni masimulizi yanayostahili kuhakikiwa, tunaingia kwenye ubishi huo huo bila kuuliza lile swali la mwanzo.

Nazungumzia hasa PlayStation 2. Ilitoka Japani Machi 2000, ikaacha kutengenezwa mwanzoni mwa 2013, na bado utaikuta ikinguruma kwenye vibanda vya mitaani na sebuleni kwa watu. Tena nazungumzia ile iliyokwisha kufunguliwa, maana hiyo ndiyo wengi wetu tunayoijua. Zamani kuifungua kulitaka fundi mwenye mkono mtulivu, achomelee chipu ndani kwa risasi. Mwaka 2008 ikaja Free McBoot, kasheshe ikaisha. Hiyo ni programu inayokaa kwenye memori kadi ya kawaida ya MB 8. Mashine ikiwashwa inaichungulia kadi, inakuta humo maelekezo, inayafuata, na kuanzia hapo inakubali kuendesha programu yoyote utakayoipa. Zinazogoma ni zile nyembamba za mwisho mwisho tu, za toleo la 90000 zenye BIOS mpya. Juu ya Free McBoot unaweka Open PS2 Loader, ambayo kila mtu anaiita OPL, na hiyo ndiyo inayofungua gemu kutoka kwenye flashi au kwa waya wa mtandao. Lile toleo nene la zamani lina nafasi nyuma ya kuingiza hadi hadi diski, kama unayo adapta yake.

Kuingiza gemu zenyewe hakuna uchawi. Diski nzima unaigeuza faili moja kwenye kompyuta. Kama gemu ilitoka kwenye CD, faili linakwenda kwenye folda ya CD. Kama ni DVD, folda ya DVD. Likizidi GB 4 na flashi yako ni ya FAT32, unalikata vipande kwa programu ya kukatia. Likiwa limetawanyika hovyo humo ndani, OPL ya zamani inalikataa, inabidi ufute na kunakili upya. Kazi ya saa moja au mbili, basi.

Ila angalia yaliyopita hapo katikati. Mtu kachagua diski ipi aigeuze faili, ya Marekani au ya Ulaya. Kachagua aipe jina gani kwenye orodha. Kachagua picha gani ya jalada itokee pembeni ya jina. Pengine kachagua nini kitupwe ili nafasi itoshe. Huyo, bwana wee, ni mhariri. Tofauti yake na mhariri wa kitabu ni kwamba hakuna mahali alipoandika jina lake wala alichokifanya.

Tuichukue ICO, kazi ya Fumito Ueda na wenzake, tuone jambo hili linafika wapi.

Kisa chenyewe ni chembamba kama uzi. Mtoto wa kiume aliyezaliwa na pembe analetwa na wapanda farasi kwenye ngome kubwa isiyo na watu, anafungiwa ndani ya jeneza la jiwe, anaachwa. Anatoka. Anamkuta msichana mweupe, Yorda, kwenye kizimba kinachoning'inia. Kuanzia hapo kazi ni moja: kumtoa humo. Ukishikilia kitufe cha R1 unamshika mkono, ukikiachia umemwachia. Ukimvuta kwa kasi, padi inatetemeka kiganjani mwako. Ukimwacha nyuma sana, vivuli vinatoka sakafuni kumchukua. Hakuna alama za kuhesabu, hakuna mstari wa uhai juu ya kioo, sehemu kubwa ya safari hakuna hata muziki, ni upepo tu na nyayo. Ukitaka kuhifadhi ulipofikia, mnakaa wote wawili kwenye kiti cha jiwe. Ueda ameeleza mara nyingi kwamba njia yake ya kutunga ni kupunguza: anaondoa, anaondoa, mpaka kinachobaki ni kile asichoweza kukiacha. Kwa maoni yangu hakuna gemu ya mashine ile iliyofanya mengi kwa machache namna hii. Kijana anayeandika hadithi fupi ajifunze hapo kabla ya kwenda kujaza vivumishi.

Halafu kuna lugha. Mvulana anaongea lugha ya kubuni, lakini maneno yake yanatafsiriwa chini ya kioo. Yorda naye anaongea lugha nyingine, na ya kwake yanaandikwa kwa michoro isiyosomeka. Wewe mchezaji uko kwenye hali ya yule mtoto hasa. Umemshika mtu mkono, unamtegemea na yeye anakutegemea, na hujui anasema nini.

Hapa ndipo chapa inapoingia. ICO ilitoka Marekani Septemba 2001, Japani Desemba mwaka huo huo, Ulaya mapema 2002. Zile mbili za baadaye si nakala tu ya ile ya kwanza. Mafumbo kadhaa yalibadilishwa. Na ukimaliza gemu kisha ukaianza upya, maneno ya Yorda sasa yanatafsiriwa. Unarudi kwenye ngome ile ile, mlango ule ule, na ghafla unaelewa alichokuwa akikuambia muda wote huo. Aliyecheza ya Marekani anaweza kurudia mara 10. Michoro itabaki michoro. Ilibidi Wamarekani wasubiri mpaka 2011, ICO ilipotolewa upya kwa PlayStation 3 kwa kufuata toleo la Ulaya.

Je, ipi bora? Kuna hoja nzito ya kuitetea ile ya Marekani. Asiyeelewa abaki haelewi, fumbo lisifumbuliwe, mtunzi asijigeuze mkalimani wa kazi yake. Naiheshimu hoja hiyo, lakini nasimama upande wa pili. Toleo la baadaye halikupi tafsiri bure. Linakutaka kwanza uvuke ngome nzima gizani, ndipo likulipe. Kusoma mara ya pili kunakuwa kusoma kitabu kingine kilichokuwa kimejificha ndani ya kile cha kwanza, na hilo riwaya nyingi tunazozisifu haziliwezi. Mtu akiniambia ICO ni nzuri lakini haina cha kurudia, sitabishana naye. Nitamwomba aniangalizie jina la faili.

Maana jibu liko pale pale kwenye flashi. Herufi nne za mwanzo za namba ya gemu zinasema kwao ni wapi. SCUS na SLUS ni za Marekani, SCES na SLES ni za Ulaya. ICO ya Marekani ni SCUS_971.13, ya Ulaya ni SCES_507.60. Wengi hawatazami, wanachukua faili la kwanza lililopatikana. Hata jalada wanalibahatisha. Ueda mwenyewe ndiye aliyechora lile la Japani na Ulaya, lenye vivuli virefu vinavyokumbusha michoro ya Giorgio de Chirico, wakati Marekani walibandikiwa jalada jingine kabisa. Mtu anaweza kuwa na maneno ya toleo moja na uso wa jingine, akaona ni sawa tu.

Kuna kosa lingine la mhakiki linalotokana na waya. Tundu la USB la PS2 ni la kizazi cha kwanza, la megabiti 12 kwa sekunde, yaani linasoma polepole kuliko kisoma diski cha mashine yenyewe. Gemu ikiwa na filamu nzito, ukiiendesha kutoka kwenye flashi filamu zinakwama, sauti inatangulia, midomo inafuata. Jamaa anatoka hapo anatangaza kwamba waliotengeneza ni wavivu. Iweke gemu hiyo hiyo kwenye hadi diski ya ndani, inateleza. Ni sawa na kumhukumu mwimbaji kwa redio yenye betri zilizoisha.

Filamu hizo hizo ndizo zinazochinjwa kwanza nafasi ikiwa finyu. God of War II ya 2007 ilitoka kwenye DVD ya matabaka mawili, na diski tupu za namna hiyo zilikuwa ghali, huku za kawaida, za GB 4.7, zikipatikana kila kona. Basi zikatengenezwa nakala zilizominywa ziingie humo. Baadhi zimefinya filamu mpaka zikawa ukungu, nyingine zimeziondoa kabisa. Na faili hizo hazikufa na diski. Watu walizigeuza wakaziweka kwenye flashi, ambako hata ile sababu ya GB 4.7 haipo tena. Kratos anasalitiwa na Zeus, ananyang'anywa uungu, anauawa, anarudi kutoka kuzimu kulipiza. Zing'oe filamu hapo kisa kinabaki mtu mwenye hasira anayekatakata viumbe kutoka chumba hadi chumba. Kisha tunaandika kwamba gemu za siku hizi hazina dhamira!

Tunaujua mchezo huu. Ndio ule wa kidato cha nne: riwaya imetajwa kwenye mtihani, mwanafunzi kasoma mwongozo wa kurasa 40, anajua wahusika wote na dhamira zote, na hajawahi kukutana na sentensi hata moja ya mtunzi. Ueda alipunguza, na aliyeikata God of War II naye alipunguza. Wa kwanza alitoa kitu kwa sababu kazi ingekuwa na nguvu zaidi bila hicho, wa pili alitoa kwa sababu diski ilijaa. Mhakiki asiyeweza kutofautisha mikono hiyo miwili ana kazi gani?

Sisemi kwamba kila anayeigusa kazi ya mwingine anaiharibu. Huko Brazil kuna kitu kinaitwa Bomba Patch, kilichoanzishwa na Allan Jefferson juu ya gemu za kandanda za Konami. Wachezaji na klabu za Brazil, sauti ya mtangazaji wa Kireno, miziki ya funk kwenye menyu. Mashine imekufa kiwandani, lakini Bomba Patch imeendelea kutolewa upya mwaka baada ya mwaka, usajili mpya ukiingizwa, kama gazeti la michezo. Hayo nayo ni mabadiliko bila ruhusa. Ila ukiiwasha tu unajua uko mikononi mwa nani. Haijifanyi kuwa ile ya Konami, ina jina lake na ladha yake. Huyo ni mtunzi anayesimulia upya, kama mganaji anavyokitwaa kisa cha zamani akakileta kwao. Nampa heshima yake. Ninayemkatalia ni yule wa kimyakimya.

Suala la haki ya mtunzi lipo, najua litaulizwa. Diski uliyoinunua, ukaigeuza faili ili isizidi kuchubuka, hiyo ni hifadhi, na kwa mashine ya miaka hii ambayo visoma diski vyake vinakufa kimoja kimoja, wakati mwingine ndiyo njia pekee ya kuiona kazi. Flashi yenye gemu 60 iliyouzwa dirishani ni jambo lingine, na mwandishi aliyewahi kukuta kitabu cha mwenzake kimetolewa fotokopi na kuuzwa na karatasi ya jina imeng'oka hahitaji kuelezwa kwa nini.

Majina hayo ndiyo yananirudisha ngomeni. Vibandani desturi ni kwamba yakianza kupanda majina ya waliotengeneza, gemu imekwisha: mwenye kibanda anabonyeza kitufe, anaita anayefuata. Kwa ICO usikubali. Mwache asubiri, lipa nusu saa nyingine ikibidi. Majina yakishapita, kioo kinabaki na ufukwe, mawimbi, na mtoto amelala mchangani. Halafu padi inarudi mikononi mwako. Hakuna maandishi yanayokuambia hivyo, inabidi uiguse mwenyewe, umtembeze kuelekea kulia kufuata maji. Na kama faili lako ni lile la SCES, na hii ni safari yako ya pili, pita polepole: kuna matikiti maji pale mchangani.