Al-Buni na Kitabu Asichokiandika: Suala la Umwandishi katika Elimu ya Herufi

Jina la Ahmad al-Buni limefungamana mno na Shams al-Maarif al-Kubra, hata aghalabu huhukumiwa kwa kitabu hicho peke yake. Wanaomlaani humwona mchawi. Wanaomtukuza humwona bingwa wa talasimu. Pande zote mbili zimejengwa juu ya dhana moja, kwamba kitabu hicho chenye milango 40 kilitoka mkononi mwake. Dhana hiyo haihimili uchunguzi wa miswada.

Al-Buni, ambaye nisba yake ni ya mji wa Buna (Annaba ya leo, Aljeria), alikuwa Cairo mwaka 622 Hijria (1225), na huko vitabu vyake vilisomwa mbele yake. Kinyume chake, miswada ya al-Kubra inayojulikana haitangulii karne ya 17. Noah Gardiner amebainisha kuwa al-Kubra ni mkusanyo wa baadaye, uliochanganya maneno ya al-Buni na ya wengine.

Tofauti hiyo si ya tarehe tu. Katika Lataif al-Isharat, herufi ni ngazi za uumbaji. Hutafakariwa na msafiri wa njia ya kiroho kwa saumu, faragha na dhikri, na jedwali halitengwi na hali ya moyo wa mwenye kulichora. Katika al-Kubra mizani imeegemea upande wa haja: riziki, mapenzi, kinga.

Hata hivyo, si haki kumtakasa al-Buni kwa kumgeuza mwanafalsafa asiyegusa hirizi. Lataif yenyewe ina majedwali na manufaa yake, na Ibn Khaldun, katika Muqaddima, alimtaja pamoja na Ibn Arabi miongoni mwa waandishi wa elimu ya herufi. Kwa al-Buni, tafakuri na utendaji ni mambo mawili yasiyotengana. Kilichobadilika baadaye ni lipi litangulie.

Hoja hii inamhusu pia mtafiti wa hirizi na falaki za Waswahili. Akikuta jedwali lililonasibishwa kwa al-Buni, haitoshi kuandika jina lake na kuendelea. Sharti aulize limepitia mkusanyo upi, na katika safari hiyo limepoteza nini: herufi zake, au adabu iliyozitangulia.