Sisi Ambao Hatukunywa Maji

Likizo iliyopita mpwa wangu wa kidato cha tano alikuja Rujewa na nakala ya Kinjeketile iliyochakaa hadi kurasa zinachomoka. Tulikaa kibarazani, mashine ya jirani ya kukoboa mpunga ikinguruma, naye akiandaa jibu la swali la umoja katika tamthilia hiyo. Ghafla akaacha kuandika. “Mjomba, sisi Wasangu tumo humu?”

Hatumo. Na nadhani kutokuwamo kwetu ndiyo njia nzuri ya kumsoma Ebrahim Hussein.

Kwanza historia. Wahehe walikuwa wamewasukuma Wasangu nje ya nchi yao. Miaka ya 1890 mtawala wetu, Merere, akaungana na Wajerumani dhidi ya Mkwawa, na Wasangu wakarudi Usangu. Vita vya Maji Maji vilipozuka mwaka 1905, Wangoni waliinuka, na Wabena wakashambulia misheni ya Yakobi. Usangu haikuinuka, wala Uhehe. Hapa kwetu Mjerumani hakuja kama adui tu. Kwa wazee wetu alikuja pia kama mtu aliyewarudisha nyumbani.

Hussein alizaliwa mwaka 1943 katika pwani ya kusini, upande ambako vita hivyo vilianzia. Kinjeketile ilitoka mwaka 1969, miaka miwili baada ya Azimio la Arusha, taifa likiwa na kiu ya mashujaa. Ikapokelewa kama tamthilia ya umoja, na mpaka leo darasani husomwa hivyo: makabila yaligawanyika, maji yakayaunganisha, tukashindwa vitani lakini mbegu ya taifa ikapandwa.

Usomaji huo si wa uongo, ila ni nusu. Kinjeketile wa Hussein ni mtu anayeliogopa neno lake mwenyewe. Anatoka mtoni na ujumbe, watu wanaamini, kisha anagundua kwamba ujumbe ule ule unawaahidi kuwa chini ya Sultani wa Zanzibar. Anawasihi wangoje, hawangoji. Neno limeshamtoka na halimsikilizi tena. Mwishoni, akiwa mfungwa, anatakiwa akiri kwamba maji yalikuwa uongo. Anakataa, ingawa yeye mwenyewe amejaa mashaka, kwa kuwa akikana atawanyang’anya wajao hata sababu ya kupigana.

Hapo ndipo ninapogombana na mwandishi. Tamthilia inauliza kwa ukali kama maji yalikuwa ya kweli, lakini haiulizi kwa ukali uleule kama umoja ulikuwa wa kweli. Jamii zinazogombana zipo, lakini ugomvi wao ni kikwazo kinachosubiri kuondolewa. Hakuna nafasi ya mtu mwenye sababu yake ya kutokunywa. Mzee wa Kisangu wa mwaka 1905, aliyekumbuka alivyokimbia mikuki ya jirani yake, angeingia jukwaani kama msaliti au asingeingia kabisa. Hussein aliandika wazi katika dibaji kwamba Kinjeketile wake ni kiumbe cha ubunifu, na mwandishi ana haki hiyo. Lakini ubunifu nao huchagua nani abaki nje.

Ninachompendea ni kwamba hakuishia hapo. Ukizipanga kazi zake kwa miaka, utaona anarudi kulipekua swali alilolipita. Katika Mashetani (1971), Juma na Kitaru ni marafiki wawili wa chuo kikuu. Familia ya mmoja imepoteza mali kwa Mapinduzi ya Zanzibar, ya mwingine inapanda ngazi, na urafiki haustahimili uzito wa historia hiyo. Mwaka 1976, baada ya kusomea udaktari Berlin Mashariki, alitoa Jogoo Kijijini na Ngao ya Jadi, kazi ambamo mshairi na mtunzi wa tamthilia wanakuwa mtu mmoja: msimulizi, utenzi huru, na joka ambalo kuuawa kwake hakumalizi hatari. Katika Kwenye Ukingo wa Thim (1988), iliyochota kutoka kesi ya maziko ya S.M. Otieno kule Kenya, mjane na ukoo wanagombania maiti. Umoja wa taifa unafika kaburini na kukuta kabila limetangulia.

Yaani yule aliyetupatia maji ya umoja ndiye aliyetumia miaka iliyofuata kuyapima. Miaka ya 1980 aliacha kufundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na kujitenga na majukwaa. Sitaki kuingia moyoni mwake. Nasema tu kwamba aliyeandika kuhusu neno linalomkua msemaji wake hakutuachia maelezo mengi ya ziada, na leo vijana wanashindania tuzo ya ushairi yenye jina lake huku tukiendelea kuwafundisha nusu ya Kinjeketile.

Nilimwambia mpwa wangu ajibu mtihani kama mwalimu anavyotaka, maana alama anazihitaji. Lakini pembeni mwa daftari aliandika kwa penseli: “Ambao hawakunywa walikuwa wanaogopa nini?” Sikumjibu. Nilimwambia tukaulize Utengule, kwa wazee, kabla likizo haijaisha.