Kamera kama Msimulizi katika Supa Modo

Mtahiniwa akiulizwa kuhusu filamu hueleza msuko na wahusika, akakomea hapo. Hapa Busia na Malaba si ajabu: vibanda vya video vimetuzoesha sauti ya mtafsiri kutoka Uganda, nayo hufunika picha. Hebu tuitazame Supa Modo (2018) ya Likarion Wainaina, iliyopigwa picha na Enos Olik, Mkenya aliyejijengea jina pia katika video za muziki.

Jo, msichana wa miaka 9 asiyetarajiwa kupona, anaota kuwa shujaa mwenye nguvu za ajabu. Kijiji kizima kinaungana kumtengenezea filamu. Kisa hiki kingeweza kuzama katika machozi. Olik anakataa. Rangi zake zinang'aa, ni za ulimwengu anaouona mtoto, si anaouona daktari. Kwa istilahi zetu, huu ni usimulizi wa nafsi ya tatu unaoegemea mhusika mmoja. Mahali pengine uzuri huo unazidi, hata maumivu ya mwili yakafifia.

Mwishoni Jo amekwisha kufariki, na wanakijiji wanakaa kumtazama akiwa shujaa. Je, huo ni mwisho wa furaha au wa huzuni? Mimi ningempa alama mtahiniwa anayejibu kwa kutaja kilichomo pichani, hata kama hakubaliani nami.