Fundi wa Mbio Zilizokwisha

Sikukuu ya Idi ikifika Chake Chake, kiwanja cha Tibirinzi hufurika watoto waliovaa nguo mpya. Msimu wa siasa ukiingia, hapohapo hufanyika mikutano ya hadhara. Mji huohuo ndio wenye uwanja wa Gombani, mkubwa wa viwanja vya mpira Pemba, kwa hiyo barazani hazikosekani hadithi za mechi za zamani. Mzoefu wa baraza haanzi na mabao. Anaanza na mvua ilivyoanza kunyesha, na golikipa aliyecheza kwa viatu vya kuazima, na refa aliyekuwa shemeji ya mtu. Wanaomsikiliza wanajua mechi ilivyokwisha, wengine walikuwepo. Hata hivyo hakuna anayenyanyuka.

Kumfanya mtu asubiri jambo analolijua tayari ni ufundi mgumu, na ndio unaotofautisha wasifu mzuri wa mwanamichezo na orodha ya matokeo. Takwimu zimo kwenye magazeti, atakaye azitazame. Kazi ya mwandishi ni kumrudisha msomaji kwenye dakika ile ambayo hata mchezaji mwenyewe alikuwa hajui lijalo. Ndiyo maana kazi hii imewafaa zaidi watunzi wa riwaya.

Mwingereza Brian Glanville, mzaliwa wa 1931, aliingia humo akiwa na miaka 19. Mwaka 1950 kilitoka kitabu cha maisha ya Cliff Bastin, winga wa Arsenal aliyeifungia klabu yake mabao 178, rekodi iliyodumu hadi Ian Wright alipoivunja mwaka 1997. Bastin alikuwa akipoteza uwezo wa kusikia. Winga asiyesikia uwanja unavyonguruma, wala mwenzake anayemwita ampe pasi: mwandishi wa takwimu angelitaja hilo katika sentensi moja na kupita, lakini mtunzi wa riwaya anajua kwamba mlango wa kumwingilia mtu huyu ni huo. Kitabu kinasemwa kwa kinywa cha Bastin mwenyewe, na kijana aliyeshika kalamu amejificha nyuma. Kujificha huko nako kuna kazi yake.

Baadaye Glanville aliishi Italia, akaliandikia gazeti la Corriere dello Sport, kisha akawa kwa miongo mingi mwandishi wa kandanda wa Sunday Times ya London. Kati ya ripoti moja na nyingine alitunga riwaya. The Rise of Gerry Logan ya 1963 inamfuata mchezaji ambaye umaarufu unambadilisha polepole. The Olympian ya 1969 ni ya mkimbiaji wa maili moja na kocha asiyemwacha apumue. Riwaya na uandishi wa habari vilikuwa vikikopeshana kwake: kimoja kilimpa sauti za watu, kingine kilimzuia asizue. Alipoandika katika miaka ya 1970 kuhusu jaribio la kumhonga refa Mreno Francisco Lobo kabla ya mechi ya marudiano ya Derby County na Juventus mwaka 1973, jicho la mtunzi wa riwaya lilimsaidia kumsoma mtu anayenong'ona, lakini ushahidi ulitafutwa kwa njia ya mwandishi wa habari. Glanville alifariki Mei 2025.

Huku kwetu aliyefungua njia hii hakuandika habari za mpira. Shaaban Robert, mtunzi wa Kusadikika na Adili na Nduguze, alimwandikia wasifu mwimbaji Siti binti Saad, ukachapishwa mwaka 1958. Siti alizaliwa Fumba, Unguja, katika jamaa ya wafinyanzi, akauza vyungu mjini kwa kuvinadi kwa sauti. Hakujua kusoma wala kuandika. Mwaka 1928 alikwenda Bombay kurekodi santuri, na sauti yake ya Kiswahili ikasikika mbali sana kuliko alikopata kufika yeye mwenyewe. Kwa mwandishi wa kawaida habari ingeanza Bombay. Shaaban Robert alijua kwamba inaanza kwenye vyungu.

Ana kasoro yake, na mpenzi wa vitabu vyake hana haja ya kuificha. Anamstahi Siti mno, na kila jambo anataka lituachie funzo. Watu waliomdhihaki mwimbaji huyu wanapita kitabuni upesi, ilhali msomaji angependa kuwasikia wakisema kwa midomo yao. Hata hivyo alifanya jambo ambalo wachache walikuwa wamelifanya kwa Kiswahili: alimchukua mtu ambaye ustadi wake ulikuwa wa kuchezesha watu, si wa kutawala wala kupigana vita, akampa kitabu kizima kama wapewavyo masultani.

Wanamichezo wetu wanadai heshima ileile, na anayeanza orodha ni John Stephen Akhwari wa Mbulu. Dunia inamjua kwa jioni moja, ya tarehe 20 Oktoba 1968, jijini Mexico. Katika marathoni alianguka, goti likateguka, akafungwa bandeji, akaendelea. Mshindi, Mamo Wolde wa Ethiopia, alikuwa amemaliza zaidi ya saa nzima kabla Akhwari hajaingia uwanjani akichechemea, majukwaa yakiwa karibu matupu. Alipoulizwa kwa nini hakuacha, jibu lake lilikuwa kwamba nchi yake ilimtuma kumaliza mbio, haikumtuma kuzianza tu. Jibu hilo limechapwa kwenye mabango na kusomwa kwenye mahafali mpaka mtu mwenyewe amepotelea ndani yake.

Hapo ndipo fundi anapohitajika. Miaka miwili baadaye, katika Michezo ya Jumuiya ya Madola ya Edinburgh, Akhwari huyohuyo alishika nafasi ya tano katika marathoni, kwa saa 2, dakika 15 na sekunde 5. Nafasi ya tano! Mkimbiaji wa daraja la juu kabisa, tunayemkumbuka kwa siku mbaya kuliko zote za kazi yake. Mwandishi mvivu atasimama kwenye bandeji. Mtunzi wa riwaya atauliza alianzaje tena kukimbia goti lilipopona, nani alikuwa naye njiani alfajiri, na je, alipokuwa Edinburgh aliliogopa lile goti?

Filbert Bayi anaweka mtihani wa namna nyingine. Yeye hakusubiri mtu. Tarehe 2 Februari 1974, Christchurch, New Zealand, alitoka mbele katika mita 1500 tangu bunduki ilipolia, akakimbia peke yake kama asiye na habari za wenzake, akamaliza kwa dakika 3 na sekunde 32.2, rekodi mpya ya dunia. John Walker, aliyemfuata, naye alikuwa ndani ya rekodi ya zamani. Mwaka uliofuata, Kingston, Jamaika, Bayi alichukua na rekodi ya maili moja, kwa 3:51.0. Ukiandika mbio kama hizo, huna pa kupachika kupishana wala mbinu za mwisho. Mvutano wote umo katika swali moja: atachoka? Na kila mzunguko swali linakuwa zito zaidi.

Kisha likaja pengo. Mwaka 1976 nchi nyingi za Afrika, Tanzania ikiwemo, zilisusia Olimpiki ya Montreal, na pambano la Bayi na Walker lililongojewa na dunia halikufanyika. Walker akachukua dhahabu. Bayi alipata medali yake Moscow mwaka 1980, ya fedha, tena katika mita 3000 za kuruka viunzi na maji. Wasifu unaoruka 1976 kwa sababu hakuna mbio za kusimulia ni wasifu ulioikimbia sura yake nzuri kuliko zote. Mwandishi wa riwaya ndiye aliyezoea kusimulia mambo ambayo hayakutokea.

Watangazaji wa redio ni jamaa wa karibu wa waandishi hawa. Charles Hilary, aliyefariki naye Mei 2025 akiwa msemaji mkuu wa Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar, alitangaza mpira kwa watu wasiokuwa na televisheni, na kwao mchezaji alikuwa hasa vile alivyomsema. Tofauti ni kwamba mtangazaji hana muda wa kurudi nyuma. Mwandishi anarudi, anabisha hodi, anakaa na mama wa mchezaji, anauliza habari za viatu.

Na Zanzibar kazi ipo tele. Machi 2017 CAF iliipokea Zanzibar kuwa mwanachama wake wa 55. Julai mwaka huohuo uanachama ukafutwa. Desemba, timu hiyohiyo isiyo na kiti Afrika ilifika fainali ya CECAFA huko Machakos, ikatoka sare ya 2–2 na Kenya, ikashindwa kwa penalti. Kabla ya hapo kulikuwa na mwaka 1995, Zanzibar ilipolitwaa kombe hilo. Wachezaji wa vikosi hivyo viwili wana majina, wana mitaa walikokulia, wana makocha waliowafokea na kazi walizorudia timu ilipovunja kambi. Wapo wanaozikumbuka penalti za Machakos moja baada ya moja, nani alikwenda na mguu gani na kipa aliangukia wapi. Mwenye daftari anaweza kuanza na aliyekosa.