Red Grange Hakuhitaji Zawadi ya Refa

Kila akitajwa Red Grange wa Chicago Bears, mazungumzo hukimbilia ile pasi ya Desemba 18, 1932. Nimeshasema, nasema tena: tachidauni ile haikuwa halali, na refa Bobby Cahn alipaswa kuikataa pale pale.

Turudi kwenye tukio. Theluji imewafukuza Wrigley Field, Bears na Portsmouth Spartans wanaamulia ubingwa ndani ya Chicago Stadium, juu ya udongo wa sarakasi, uwanja wa yadi 80 pamoja na endizoni zote mbili. Robo ya nne, bado 0-0. Dick Nesbitt amenasa pasi ya Ace Gutowsky na Bears wako mlangoni. Fulbeki wa Bears, Bronko Nagurski, anapewa mpira, anajaribu kupenya, anazuiwa. Dauni ya nne, zimebaki kama yadi mbili. Ukumbi mzima unajua mpira utakwenda kwake tena, na kweli unakwenda. Anapiga hatua mbele, ukuta wa Portsmouth unajikusanya kumpokea, ghafla anasimama, anarudi nyuma, anarusha. Grange yuko endizoni, anadaka. Kocha wa Portsmouth, Potsy Clark, anapinga kwa nguvu zote. Cahn hatikisiki.

Sasa kanuni. Mwaka ule mrusha pasi alitakiwa awe angalau yadi tano nyuma ya mstari wa mapambano. Fulbeki katika mfumo wa T aliousuka kocha wa Bears, Ralph Jones, huanzia kama yadi nne au tano nyuma. Akishasogea mbele hata hatua mbili tu, ana deni la kulipa: azirudie zote alizopiga, na pengine aongeze, ndipo awe halali. Nagurski aliyapata wapi hayo yote, watu wa Portsmouth wakiwa wamemkaribia kiasi kile?

Tena tazameni upande wa pili. Laiti angerudi yadi tano kamili, hila yenyewe ingekufa. Walinzi wangemwona anarudi, wangejua pasi inakuja, wangemgeukia Grange. Hila ile ilifanya kazi kwa sababu mrushaji alikuwa karibu na mstari, na kuwa karibu ndiko kulikokatazwa. Huwezi kuisifu hila hiyo na papo hapo ukadai sheria ilifuatwa.

Wanaomtetea Cahn husema kanuni yenyewe ilikuwa mbovu. Nakubali, na mwaka 1933 ligi iliifuta, ikaruhusu pasi kutoka popote nyuma ya mstari. Lakini refa huamua kwa kanuni ya siku ya mechi. Kubadilisha sheria baadaye hakumrudishii aliyeporwa chochote. Portsmouth walicheza bila Dutch Clark, mfungaji bora wa ligi, aliyekuwa Colorado akifundisha mpira wa kikapu, na bado walishikilia hadi robo ya nne. Mwisho ukawa 9-0, mechi ikaingizwa kwenye msimamo, nao wakashuka hadi nafasi ya tatu. Kuhusu ligi iliyoona sare si kitu, hata Green Bay wenye ushindi 10 wakawa, kabla ya mechi hii, chini ya timu mbili zenye ushindi 6, nimekwisha kuandika mara nyingi. Msimamo wangu haujabadilika.

Kinachoniuma zaidi ni kwamba Grange anakumbukwa kwa jambo hili. Huyu ndiye kijana wa Wheaton, Illinois, aliyejenga mwili kwa kubeba barafu. Oktoba 18, 1924, akiwa Chuo Kikuu cha Illinois, aliupokea mpira wa kuanzia dhidi ya Michigan, akakimbia yadi 95, akaongeza tachidauni nyingine tatu ndani ya dakika 12 za mwanzo. Wakimbiaji wa leo hupongezwa kwa yadi 100 katika mechi nzima.

Mwaka uliofuata wakala wake, C. C. Pyle, akamtembeza nchi nzima kama bidhaa, mechi 8 katika siku 12, na huyo sitamsamehe. Oktoba 1927 goti likaharibika Chicago, msimu wa 1928 hakucheza kabisa, na ile mikato ya kasi haikurudi tena.

Aliporudi uwanjani, akiwa na Bears, alijifunza kukaba, na kazi hiyo aliifanya vizuri. Fainali ya 1933, Bears wakiongoza Giants 23-21, mchezo wa mwisho kabisa, Red Badgro wa Giants anakuja na mpira, mwenzake yuko kando akisubiri kupasiwa. Grange hakwenda miguuni. Alimkumbatia juu, mikono na mpira pamoja, na saa ikaisha.

Vijana wanaotaka kumjua Grange waanze na Michigan 1924, wamalizie na Badgro 1933. Pasi ya Chicago Stadium waiache nje ya hesabu.